Poti 8099 haikumficha mtu

Kazi ya seva moja ya kamera katika nyumba ya Mchafukoge, Dar es Salaam, iliharibikia kwenye ruta, ndani ya dakika mbili. Kabla ya hapo yote yalikuwa sawa: kebo zimelazwa vizuri, Raspberry Pi inayobeba seva ina UPS yake, nenosiri la kiwandani limefutwa na kuwekwa la herufi 16. Safi.

Kisha fundi akaitoboa ruta. Mwenye nyumba anataka kuona sebule yake akiwa dukani Mtaa wa Aggrey, basi poti ya seva ikafunguliwa kwa dunia nzima, ikahamishwa kutoka 80 hadi 8099, na fundi akamtuliza: "Mzee, hapo hakuna atakayeijua."

Mashine zitaijua. Tangu 2013, ZMap ikiwa na kompyuta moja na laini ya gigabiti moja hupiga hodi kwenye poti moja ya kila anwani ya IPv4 duniani kwa chini ya dakika 45. Poti zote za ruta moja ni 65,535. Kuzipitia si kazi. Na lile nenosiri fundi alilolitunga kwa uangalifu linasafiri kwa HTTP tupu, aliye njiani analisoma. Hata likifichwa, haliponyi kasoro ya programu yenyewe: CVE-2021-36260 ya kamera za Hikvision, iliyotangazwa Septemba 2021, ilimruhusu mgeni kutoa amri bila kuulizwa nenosiri lolote. Nimelisema tangu Mirai, programu hasidi iliyoteka kamera mwaka 2016, na sichoki: kamera isionane na intaneti ana kwa ana.

Wa zamani walilijua hili. Tatu Ylönen, manenosiri yalipodukuliwa kwenye mtandao wa chuo chake nchini Finland mwaka 1995, aliandika SSH, njia iliyofichwa ya kufikia kompyuta ya mbali, mwaka huohuo. Mafundi walionifunza Kariakoo walipitisha kila picha ndani ya SSH, na intaneti enzi hizo ilikuwa ya kujikongoja.

Leo ni rahisi zaidi. WireGuard, VPN inayoficha kila kinachopita, imo ndani ya kerneli ya Linux tangu toleo la 5.6, mwaka 2020. Pi ileile ingeibeba: poti moja ya UDP, ufunguo kwenye simu ya mzee, na pakiti isiyo na ufunguo haijibiwi chochote. Kama laini haina anwani ya umma, kodi seva ndogo nje, Pi iifuate yenyewe.

8099 ifungwe leo. Kamera namba mbili inatazama mkeka anaoswalia bibi wa nyumba ile.