Kipofu, Lugha na Jiji

Mwandishi wa Kiswahili amuumbapo kipofu, aghalabu humfanya ombaomba wa kuhurumiwa au mwaguzi wa kustaajabiwa. Ni nadra kumfanya mtu apitaye njiani akienda zake. Upungufu huu hautokani na lugha. Kitenzi "sikia" hubeba sauti, harufu na maumivu. "Ona" nacho husemwa juu ya njaa, baridi na haya. Kiswahili, basi, hakikuyafanya macho kuwa mlango pekee wa maarifa.

Nairobi inaudai ufundi huo. Tarehe 7 Agosti 1998, mlipuko katika ubalozi wa Marekani, kwenye makutano ya Moi Avenue na Haile Selassie Avenue, uliua watu zaidi ya 200. Vioo viliwapofusha wengi walioyakimbilia madirisha baada ya kishindo cha kwanza. Hao iliwapasa kujifunza upya jiji walilolijua: wito wa utingo wa matatu ya Kangemi, harufu ya mahindi yachomwayo, ukingo wa njia chini ya fimbo.

Msimulizi ayaelezaye maisha hayo kwa neno "giza" pekee huwa ameeleza hofu yake mwenyewe, na kipofu amemwacha njiani.