Kicheko Kisichomdhalilisha Maskini

Ndugu msomaji, vicheko si sawa. Kuna kumcheka mtu kwa unyonge wake, na kuna kucheka pamoja naye. Suratul Hujurat imetukataza kudharauliana, na sinema nayo yafaa ipimwe kwa kipimo hicho.

Kati ya mwaka 1935 na 1937, huko Vugiri karibu na Korogwe, Waingereza walitengeneza filamu fupi za kuwafunza Waafrika. Picha zilikuwa bubu, sauti ikitoka katika sahani za santuri. Moja ilihusu benki ya posta: mtu anaficha fedha zake, zinaibiwa, mwenzake anaweka benki, zinasalimika. Nasaha ni njema. Lakini katika kisa cha namna hiyo maskini huwa mfano wa ujinga tu. Hapewi nafasi ya kuwa na moyo.

Sasa tazama "The Immigrant", filamu bubu ya Charlie Chaplin ya mwaka 1917, isiyozidi nusu saa. Maskini mmoja yumo melini akihamia Marekani. Anacheza karata, anashinda. Kisha anamwona binti ambaye mama yake kaibiwa akiba yote. Kwa siri anamtilia fedha mfukoni. Baadaye, mjini, anaingia mkahawani na kuagiza chakula, kumbe sarafu yake imeshaangukia kwenye tundu la mfuko. Pale mteja aliyepungukiwa senti 10 anapigwa na watumishi. Tunacheka kwa hofu yake, kwani nani kati yetu hajawahi kupapasa mfuko mtupu? Mara tunaona leso ya binti yule ina ukingo mweusi, alama ya msiba kwa watu wa kule. Mama amekufa. Hapasemwi neno, na kicheko kinakatika chenyewe.

Mzazi wa hapa Kitomanga atasema: "Lakini fedha zile ni za kamari!" Kweli, na kamari ni haramu, mtoto aelezwe wazi. Hata hivyo aonyeshwe pia kwamba mwenye shida amemsaidia mwenye shida, wala hakutangaza.

Leo filamu hii hutazamwa hata katika simu. Enyi wazazi, itazameni pamoja na watoto wenu, kisha waulizeni: hapa tunamcheka nani, na kwa nini? Mtoto aliyezoea swali hilo hatamcheka mzee apitaye barabarani na kanzu yenye kiraka. Atamwamkia.