Gazeti la Majirani

Juni 1895 William Allen White, kijana wa miaka 27, alikopa dola 3,000 akanunua gazeti dhaifu la kila siku mjini Emporia, katika jimbo la Kansas, katikati ya Marekani. Gazeti liliitwa Emporia Gazette. Lilikuwa limeishi miaka 5 tu, na mji huo huo ulikuwa na gazeti jingine lenye nguvu kulizidi. Katika tahariri yake ya kwanza mhariri huyo mpya aliwaambia watu wa Emporia kwamba anatumaini kukaa nao mpaka aitwe mhariri wa zamani. Akakaa. Magazeti ya miji mikubwa yalimwita, akayakatalia, na kiti kile hakukiacha mpaka alipofariki tarehe 29 Januari 1944.

Nausifu ufundi huu wa gazeti la mji mdogo kwa sababu hauna mahali pa kujificha. Mwandishi wa jiji kubwa anaweza kumwandika mtu ambaye hatakutana naye maisha yake yote. Emporia haikumruhusu White starehe hiyo. Aliyemwandika leo mchana, jioni atamkuta dukani, na Jumapili watakuwa kanisa moja. Bibi harusi jina lake likikosewa herufi, mama mtu anaingia ofisini mwenyewe, gazeti mkononi. Nani kajenga ghala, nani kapata mgeni kutoka Topeka, mtoto wa nani kafaulu katika chuo cha walimu: habari kama hizo ndizo zilizolijaza Gazette kila siku, na Sallie, mke wa White, naye alishika kalamu kuziandika. Wako waandishi wanaozidharau. Mimi nasema hapo ndipo kazi inapopimwa. Andika sentensi tatu juu ya harusi ya binti wa seremala, ziwe za kweli, ziwe na adabu, na zisifanane na zile za harusi ya wiki iliyopita. Kisha kesho uandike nyingine.

White alikuwa ameanza kazi akiwa mvulana katika kiwanda kidogo cha uchapaji huko El Dorado, mji jirani. Zama hizo herufi za risasi ziliokotwa moja moja kutoka kwenye kisanduku na kupangwa kinyume, ili karatasi ikigandamizwa maneno yasomeke sawa. Kila neno lilikuwa na uzito wake mkononi, na neno la ziada lilimchosha mtu. Naamini vidole vyake havikusahau.

Umaarufu ulimjia kwa hasira. Agosti 1896 wafuasi wa chama cha Populist, waliodai mageuzi, walimzonga barabarani. Akarudi ofisini akaandika tahariri ya kuwakejeli wao na Kansas yao. Chama cha Republican kiliisambaza nchi nzima katika kampeni ya urais ya McKinley, na jina la White likajulikana. Ni maandishi makali, yenye mdundo, lakini siyaweki juu ya mengine. Miaka iliyofuata yeye mwenyewe alikuja kuyatetea mengi ya mageuzi aliyoyacheka siku ile, huku akiishi miongoni mwa watu wale wale aliowacheka.

Maandishi ninayoyaweka juu ni tanzia. Mei 1921 binti yake Mary, mwenye umri wa miaka 16, alifariki, na gazeti la tarehe 17 likachapa maneno ya baba. Anaanza kwa kusahihisha habari: shirika la habari lilitangaza kwamba msichana alianguka kutoka kwenye farasi, naye baba anasema Mary angeicheka sana taarifa hiyo, maana hajawahi kuangushwa na farasi. Kilichomuua ni tawi la mti. Mary alikuwa akipita na farasi wake mtaa wa Merchant, akamwona kijana wa shule anayesambaza Gazette, akampungia kwa mkono ulioshika hatamu. Farasi akageuka ghafla kuelekea mitini, Mary bado anatazama nyuma. Kila kitu kimesemwa kwa utulivu wa ripota aliyefika kwenye tukio. Kisha tunamjua Mary: msuko wake mrefu na utepe mwekundu, urafiki wake na askari wa barabarani, gari la nyumbani alilolijaza wenzake, na jinsi alivyowasumbua wakubwa ili wasichana Weusi wa shule ya sekondari wapate chumba cha kupumzikia, baada ya kumkuta mmoja wao akisoma chooni kwa kukosa mahali pengine. Hakuna popote baba anapotuomba tumlilie. Amerundika mambo madogo ya kweli, yale yale aliyojizoeza kuyaandika juu ya watoto wa wenzake kwa miaka 26, na sasa yakamfaa kwa wake.

Mwaka uliofuata mafundi wa reli waligoma. Gavana Henry Allen, rafiki wa White, akapiga marufuku mabango ya kuwaunga mkono. White akabandika moja dirishani mwa ofisi ya gazeti na akafunguliwa mashtaka. Tahariri aliyoiandika juu ya uhuru wa kusema, akimjibu rafiki mwenye wasiwasi, ilipata tuzo ya Pulitzer mwaka 1923. Mwaka 1924, walipokosekana wagombea wakubwa wa kulikemea kundi la wabaguzi wa rangi la Ku Klux Klan, aligombea ugavana mwenyewe bila chama. Alishika nafasi ya tatu, kwa kura karibu 150,000, na kuchapa gazeti hakukusimama.

Desemba 1925 alifariki Frank Munsey, tajiri wa New York aliyenunua magazeti, akayaunganisha, akayaua yasiyomletea faida. White alimwandikia aya moja fupi kali, akimshtaki kwamba aliigeuza kazi yenye heshima kuwa mtaji wa kuvuna asilimia 8. Nikizisoma tanzia hizo mbili pamoja, mkono ni ule ule. Mary alihitaji safu nzima, kwa maana mji mzima ulikuwa na la kusimulia juu yake. Munsey alikuwa amemiliki magazeti mengi kuliko White alivyoweza kuota, na sentensi chache zilimtosha.