Shilingi moja juu ya milioni 11

Muuza vitenge wa Mtaa wa Kongo, Kariakoo, anayelipa kodi ya makadirio, anaishi ndani ya mabano. Jedwali la Sheria ya Fedha ya 2022 liligawa mauzo ya mwaka kwa maneno mawili tu: yanazidi, hayazidi. Mauzo "yanayozidi milioni 4 lakini hayazidi milioni 7" huandikwa (4, 7], kwa mamilioni. Bano la mviringo huiacha 4 nje, la mraba huibakiza 7 ndani. Kwenye mstari wa namba, 4 hupewa duara tupu na 7 duara lililojazwa. Kabla yake kuna [0, 4] isiyo na kodi, baada yake (7, 11] na (11, 100]. Hakuna mwanya, hakuna kugongana. Ukifupisha ukaandika "4–7, 7–11", mwenye 7 kamili hajui asimame wapi.

Je, bano lina uzito wa fedha? Kwa anayetunza kumbukumbu, kwenye 7 halina. Daraja la chini linamtoza asilimia 3 ya kinachozidi milioni 4, yaani 90,000. La juu linaanzia 90,000 hiyohiyo. Asiye na kumbukumbu anaruka kutoka 100,000 hadi 250,000 kwa shilingi moja.

Kwenye 11 hata daftari halimwokoi. Akiwa na 11 kamili analipa 90,000 na asilimia 3 ya milioni 4 zilizozidi 7: jumla 210,000. Akizidisha shilingi moja, anatozwa asilimia 3.5 ya mauzo yote, yaani 385,000.

Sasa tuseme faida yake kabla ya kodi ni asilimia 10 ya mauzo. Kwenye milioni 11 anabaki na 1,100,000 − 210,000 = 890,000. Mauzo x yaliyovuka hapo yatamfaa tu iwapo

0.10x − 0.035x > 890,000,

yaani x > 13,692,000 hivi. Kwa hiyo ndani ya (11, 13.69) anauza zaidi na kubaki na kidogo kuliko jirani aliyeishia 11. Faida ikiwa asilimia 20, kipande hicho hufupika hadi (11, 12.06). Kwa maoni yangu, mwandishi wa jedwali angeweza kukifuta kabisa kwa kuandika: 210,000 na asilimia 3.5 ya kinachozidi milioni 11.