Bunduki Hupimwa Ikiwa Tupu

Siku ya soko hapa Rangwe, mnunuzi wa omena anayeijua kazi haangalii kilima kilichopambwa juu ya gorogoro. Anaupindua mkebe, anabonyeza kitako chake kwa dole gumba kuona kama kimegongwa kikaingia ndani, ndipo anauliza bei. Kilima ni cha macho. Kitako ndicho kinachoamua watoto watakula siku ngapi.

Nina kibanda cha gemu nyuma ya maduka, chenye runinga mbili. Ya kwanza ni ya kandanda, shilingi 20 kwa mechi, na huko hakuna anayetaka ushauri wangu. Ya pili, ile ya pembeni iliyopasuka kona, huchezewa Borderlands 2, gemu ya mwaka 2012 iliyotengenezwa na Gearbox wa Texas. Vijana wanaoketi mbele yake huniita kila jioni kwa swali lilelile: "Omera, kati ya hizi mbili niuze ipi?"

Swali ni gumu kuliko linavyosikika. Kwenye gemu za vita za simu, bunduki ni zilezile kwa kila mtu, na ukishaambiwa na rafiki kwamba fulani inaua haraka, yamekwisha. Gemu za ngawira ni ukoo mwingine. Babu yao ni Diablo ya miaka ya 1990, ambamo panga na kofia ziliokotwa kwa maiti zikiwa na sifa zilizochanganywa kwa bahati. Borderlands ya kwanza, mwaka 2009, iliingiza bahati hiyo ndani ya bunduki: mtutu wa huku, kitako cha kule, darubini ya pengine, na kompyuta inaziunganisha. Guinness waliiandika kwenye kitabu chao kwa kuwa na bunduki zaidi ya milioni 17. Ile uliyoiokota leo huenda hakuna mwingine duniani aliyewahi kuishika. Hakuna wa kumwuliza. Lazima uipime mwenyewe.

Kipimo cha kwanza anachokishika kila mgeni ni rangi: nyeupe, kijani, buluu, zambarau, rangi ya chungwa. Rangi inakuambia ni ya nadra kiasi gani, haikuambii ni kali kiasi gani. Kwenye Borderlands 2 dameji ya bunduki hupanda kwa takribani asilimia 13 kila leveli. Piga hesabu ya leveli tano, moja juu ya nyingine, utapata nyongeza ya asilimia 84. Kwa hiyo ile nyeupe ya leveli 25 ambayo kijana ameiruka kwa dharau mara nyingi itaipiku zambarau ya leveli 20 anayoilinda kama mahari. Tazama leveli kwanza. Rangi baadaye.

Halafu kuna namba kubwa ya dameji juu ya kadi ya sifa za bunduki kwenye skrini. Hapa ndipo penye kilima cha omena, na hapa nitakaa.

Wiki iliyopita kijana mmoja aliniwekea kadi mbili. Nimelainisha namba ili hesabu ienee nyuma ya karatasi ya unga, lakini uwiano ni uleule. Ya zambarau: dameji 300, risasi 10 kwa sekunde, magazini ya risasi 20, kujaza sekunde 4. Ya kijani: dameji 500, risasi 4 kwa sekunde, magazini ya 24, kujaza sekunde 2. Alikuwa amekwisha kuzidisha mwenyewe, na nilimsifu kwa hilo, maana wengi hawafiki hapo. 300 mara 10 ni 3,000 kwa sekunde. 500 mara 4 ni 2,000. "Kwa hiyo nauza kijani."

Nikamwuliza: ikishafyatua kwa sekunde mbili, inafanya nini?

Inakaa tupu. Risasi 20 zinakwisha ndani ya sekunde 2, kisha kwa sekunde 4 unatazama mikono ikihangaika na magazini huku watu wanakumiminia. Mzunguko mzima ni sekunde 6, na katika mzunguko huo umetoa dameji 6,000. Gawanya: 1,000 kwa sekunde. Ile ya kijani inapiga sekunde 6 mfululizo, inapumzika 2, na katika sekunde hizo 8 inatoa 12,000. Hiyo ni 1,500 kwa sekunde. Bunduki ya zambarau hutumia theluthi mbili za maisha yake bila kupiga chochote. Kadi haikudanganya hata mahali pamoja. Ilinyamaza tu kuhusu sekunde zile nne, au tuseme iliziandika chini kabisa kwa herufi ndogo, na jicho lilikuwa limeshashiba juu.

Kwa hiyo kanuni ya kibanda changu ni hii: dameji mara magazini, gawanya kwa muda wa kuimaliza magazini ukijumlisha na muda wa kuijaza. Mwanafunzi mmoja wa kidato cha tatu alinibishia kwamba risasi ya kwanza hutoka papo hapo, hivyo kati ya risasi 20 kuna nafasi 19 tu. Ana haki. Kwenye magazini kubwa tofauti ni ya kubishania chai. Kwenye bunduki ya risasi mbili, inayofyatua mara moja kwa sekunde na kujazwa kwa sekunde 3, mzunguko ni sekunde 4 badala ya 5, na hapo amekushinda kwa robo nzima. Tangu siku hiyo humwachia yeye karatasi.

Lakini usikimbilie kuitupa zambarau. Adui mwenye uhai wa 5,000 anaanguka mbele yake kabla magazini haijakwisha, kwa sekunde moja na kitu, ilhali kijani inahitaji mbili na nusu. Adui wa 12,000 anageuza mambo: zambarau inapiga 2, inajaza 4, inapiga 2 tena, jumla 8, wakati kijani imemaliza kwa 6. Mpaka wao ni pale magazini ya kwanza inapokauka. Anayekwenda kusafisha kambi ya majambazi mmoja mmoja, akijificha na kujaza kila baada ya mmoja, abebe zambarau. Anayekwenda kwa bosi abebe kijani. Mwenye busara hubeba zote mbili na kubadilisha badala ya kujaza, kwa kuwa kubadilisha bunduki mara nyingi ni haraka kuliko kuijaza.

Kuna kitu kingine kinachopotea kwenye wastani: adui hafi nusu. Mwenye uhai wa 1,000 akipigwa kwa bunduki ya 499 atahitaji risasi tatu. Akipigwa kwa bunduki ya 340, tatu vilevile. Zile 159 za ziada ulizozifurahia dukani zinaangukia maiti. Ukiongeza kidogo tu, ikafika 500, risasi zinakuwa mbili, na ghafla ni bunduki nyingine kabisa. Ndiyo maana nikiletewa mbili zinazokaribiana siulizi ipi ina namba kubwa. Nauliza: adui wako wa kawaida anakufa kwa risasi ngapi?

Kwa shotigani soma kadi hadi mwisho wa mstari. "120 x 9" ni marisawa tisa, yaani 1,080 kama yote yatampata. Yote humpata mtu aliye hatua mbili mbele yako. Aliye ng'ambo ya bonde atapata mawili, na mengine yatachimba udongo. Usahihi wa shabaha kwenye kadi ya shotigani ni sehemu ya dameji, hata kama umeandikwa kwenye mstari wake peke yake.

Halafu wapo watengenezaji, na hapa gemu hii imetungwa kwa akili kuliko nyingi zilizoifuata. Kila kampuni ya kubuni ndani yake ina tabia, na tabia hiyo hubadilisha namna ya kuhesabu. Bunduki za Hyperion hutawanya mwanzoni, kisha hutulia kadiri unavyoendelea kufyatua, kwa hiyo ukizipima kwa risasi tatu za mwanzo umezionea. Torgue hulipuka, lakini risasi zake husafiri polepole, na adui anayekimbia huzikwepa. Tediore ndiyo niipendayo kwa uhuni wake: huijazi, unaitupa, nayo hulipuka kama bomu, na mlipuko huwa mkubwa zaidi kadiri risasi zilivyobaki nyingi ndani. Kanuni yangu ya mzunguko huvunjika mbele yake, kwa sababu sekunde za kujaza ndizo sekunde za kushambulia.

Moto nao hufanya kazi hata bunduki ikiwa tupu. Bunduki ya moto ina namba mbili za ziada, nafasi ya kuwasha na dameji ya kila sekunde adui anapoungua, na huko kuungua hakungoji ujaze magazini. Ila angalia unamchoma nani. Moto juu ya nyama huongeza makali kwa nusu nzima, juu ya deraya hupungua. Deraya ni ya tindikali, ngao ni ya umeme. Slagi, ule uchafu wa zambarau, unadharauliwa na kila anayeanza kwa kuwa dameji yake yenyewe ni ndogo, lakini adui aliyepakwa slagi hupata maradufu kutoka kwa risasi zinazofuata zisizo za slagi, na katika ngazi ngumu ya mwisho mara tatu. Mjini Sanctuary, ndani ya gemu, muuza bunduki Marcus ana chumba cha kulengea shabaha, na ana kazi ndogo inayokufundisha aina hizi zote nne. Vijana huipita mbio. Mimi huirudia kila ninapoanza upya.

Ziada za asilimia zinahitaji tahadhari. Ujuzi wa mhusika, vifaa anavyovaa na cheo anachojikusanyia huongeza dameji ya bunduki, na nyingi ya ziada hizo hujumlishwa pamoja kwanza ndipo zizidishwe. Ukiwa tayari una asilimia 100 ya ziada, unapiga mara mbili. Ukipata nyingine ya asilimia 20, unapiga mara 2.2. Kutoka 2 hadi 2.2 ni asilimia 10, si 20. Ziada ya pigo la kichwani, au ya kasi ya kujaza, huingia kwa mlango mwingine na huenda ikakufaa zaidi hata ikiwa namba yake ni ndogo. Mpishi aliyekwisha kutia vijiko viwili vya chumvi haongezi cha tatu. Anatafuta ndimu.

Hasara yangu kubwa niliipata kabla sijajua haya. Niliokota bastola ya rangi ya chungwa ya Torgue, Unkempt Harold, iliyodondoshwa na adui aitwaye Savage Lee. Nikaona kila mfyatuo unakula risasi tatu, nikaona inachukua muda kuijaza, nikaiuza. Kadi haikunieleza kwamba mfyatuo mmoja hutoa mstari wa vilipuzi vinavyoachana kadiri vinavyokwenda, na kwamba adui mpana anavipokea karibu vyote. Maandishi mekundu chini ya kadi ndiyo dalili pekee kwamba kuna jambo la siri, na hayasemi ni lipi. Siku hizi bunduki yenye maandishi mekundu haiuzwi kibandani mwangu kabla haijapigishwa ukutani kwa hatua tatu na kwa hatua thelathini, watu wakihesabu alama.

Yule kijana wa zambarau na kijani alirudi jana na bunduki ya kampuni ya Jakobs. Jakobs hufyatua kwa kasi ya kidole chako, na kadi yake ilisema 6 kwa sekunde, magazini 12. Kwenye karatasi ilizishinda zote. Nikamwambia amimine magazini yote ukutani huku mimi nimeshika saa ya simu. Sekunde 4 kamili. Risasi 3 kwa sekunde, nusu ya ahadi. Alidhani gemu inamwibia. Nikaichukua padi nikabonyeza kitufe cha kufyatulia: kimelegea, kinazama na kuchelewa kurudi, kimechoshwa na miaka ya penalti. Hiyo 6 ya kadi ni dari tu, na padi hii haiifikii.

Akaomba padi ya runinga ya kwanza ajaribu tena. Huko ilikuwa dakika ya 38, sare ya mbili kwa mbili, na hakuna aliyegeuza hata kichwa. Akaketi na kadi yake wazi kwenye skrini, akingoja mapumziko.