Mtunzi Aliyejificha katika Televisheni ya Uhalisi

Kipindi cha Big Brother, kilichoanza Uholanzi mwaka 1999, kiliwafungia watu wa kawaida katika nyumba moja mbele ya kamera usiku na mchana. Vipindi vya namna hiyo vilienea upesi, kwani kwa kawaida gharama yake ni ndogo kuliko ya tamthilia. Waandishi wa Marekani walipogoma kuanzia Novemba 2007 hadi Februari 2008, vilijaza pengo lao. Vyadaiwa kuwa havina mtunzi. Hata hivyo, mhariri huchagua dakika chache kutoka saa 24, huzipanga, na mpangilio huo humzaa shujaa au mwovu. Huo ni utunzi. Mhusika wa riwaya hubaki kitabuni. Huyu hurudi kwao na sifa aliyotungiwa, na majirani humhukumu yeye, wala si mhariri.