Gumbo ya Karatu: Moto wa Mafuta, Moto wa Maji

Maji yanayochemka Karatu mjini hayafiki nyuzi 100 za Selsiasi. Mji uko kwenye mwinuko wa karibu mita 1,500 kutoka usawa wa bahari, na kwa kila mita 300 hivi za kupanda, kiwango cha kuchemka kwa maji hushuka kwa takriban nyuzi moja. Ndiyo maana sufuria ya Karatu huchemka kwenye nyuzi 95, na ile ya ukingoni mwa Kreta ya Ngorongoro, zaidi ya mita 2,200 juu, haifiki hata 93. Kuni zikiongezwa, kinachoongezeka ni mvuke. Joto la maji linabaki palepale.

Kwa anayetaka kupika gumbo nyumbani, jambo hilo si dogo. Mchuzi huo mzito wa nyama na viumbe vya baharini ulizaliwa Louisiana, kusini mwa Marekani, na makao yake makuu ni New Orleans, mji ambao baadhi ya mitaa yake iko chini ya usawa wa bahari. Humo yalikutana mapishi ya watu mbalimbali: bamia za Waafrika waliopelekwa utumwani, unga wa kukaanga wa Wafaransa, na majani ya msasafrasi yaliyosagwa ya Wachoctaw, wenyeji wa nchi. Vipimo vyake vya muda vilizoea maji ya nyuzi 100. Chungu hicho kikipandishwa Karatu, lazima kuna mahali kitakwama. Lakini hakikwami kila mahali, na hapo ndipo penye hesabu.

Hatua ya kwanza haikwami kabisa. Gumbo huanza na unga wa ngano uliokaangwa ndani ya mafuta kwa vipimo vilivyo karibu sawa: kikombe cha unga, kikombe kisichojaa cha mafuta, kwa sufuria ya lita tatu hivi. Mafuta hayachemki kwenye joto la jikoni, kwa hiyo mwinuko hauyapunguzii kitu. Yanapita nyuzi 150 Karatu kama yanavyopita Tanga, na unga unageuka rangi vilevile: kwanza mchanga, kisha karanga, mwisho kahawa iliyokolea.

Paul Prudhomme, mpishi wa Louisiana aliyetoa kitabu chake maarufu cha mapishi mwaka 1984, alijulikana kwa kukaanga unga huo kwa moto mkali na kuumaliza kwa dakika chache. Wengi hutumia moto mdogo na dakika 40 au zaidi. Kwenye jiko la mkaa, njia ya pili ni salama zaidi, kwa sababu mkaa hauna swichi: joto hupunguzwa kwa kutoa makaa au kuinua sufuria. Sufuria nyepesi ya alumini huunguza unga katikati huku pembeni ukiwa mbichi, hivyo karai zito la chuma linafaa zaidi, na mwiko usitulie. Vikionekana vidoa vyeusi, unga umeungua na mchuzi wote utakuwa mchungu. Dawa ni kuumwaga na kuanza upya.

Anayesimamisha ukaangaji huo ni kitunguu, na kwa hilo Karatu imejaliwa. Bonde la Eyasi, upande wa Mang'ola, hulima vitunguu vyekundu kwa maji ya chemchemi, na sifa zake zimevuka hadi masoko ya Kenya. Vikikatwakatwa na kutupwa kwenye unga ulioiva, pamoja na pilipili hoho na seleri, maji yaliyomo ndani yake huanza kugeuka mvuke na kushusha joto la mafuta ghafla. Rangi inakomea hapo.

Uzito wa mchuzi ni hesabu nyingine. Kadiri unga unavyokolea rangi, ndivyo wanga wake unavyovunjika na kupoteza nguvu ya kushika maji. Unga uliokolea una ladha kubwa na uzito mdogo. Pengo hilo huzibwa na bamia, kwa ute wake unaoyeyuka majini. Asiyependa mrenda mwingi huzikaanga kwanza pembeni. Hatua hii nayo haijali mwinuko: wanga wa ngano huvimba kwenye nyuzi 60 na kitu, na 95 zinatosha na kubaki.

Panapokwama ni kwenye nyama. Goti la ng'ombe au kuku wa kienyeji ana kolajeni nyingi, ambayo hulainika na kuwa jelatini polepole, na kila nyuzi inayopungua inaongeza muda. Wizara ya Kilimo ya Marekani inaeleza kuwa nyama ya kuchemshwa kwenye futi 5,000, ambazo ni kama mita 1,500, yaani Karatu kabisa, inaweza kuhitaji robo ya muda zaidi. Nyama ya saa mbili ihesabiwe saa mbili na nusu, mfuniko ukiwa juu na maji ya moto yakiwa tayari ya kuongeza. Wamasai wa Ngorongoro, wanaochemsha supu ya nyama kwa magome na mizizi ya miti, wamezoea kuipa muda mrefu mekoni.

Sufuria ya presha hufupisha kazi. Ile ya kawaida, inayofika nyuzi 121 pwani, Karatu hufika kama 118. Nyama na mifupa ichemshwe humo peke yake, kisha supu yake ndiyo imiminwe kwenye unga na vitunguu. Unga ukiwekwa ndani ya presha hushika chini na kuungua.

Vya majini vinakuja mwisho, na hapa mwinuko hauna la kusema: kamba huiva kwa joto lililo chini sana ya kuchemka. Dakika tatu hadi tano zinatosha. Zikizidi wanakuwa mpira. Kwa kuwa bahari iko mbali na wabichi hufika wakiwa wamegandishwa, uduvi mkavu unaweza kutangulizwa kwenye supu ili kuipa ladha, kama wapishi wa Louisiana wanavyotumia kamba wakavu. Ladha ya moshi, ambayo wao huipata kwenye soseji, inaweza kutoka kwa kambare aliyekaushwa kwa moshi, aondolewe miba na kutiwa nusu saa kabla ya kuepua.

Wali wa kuandalia hupikwa kando, na mchele wa Mto wa Mbu, chini ya ukuta wa bonde la ufa, uko njiani kutoka Arusha. Huo nao uongezewe maji kidogo na dakika kadhaa, na ubandikwe kabla kamba hawajaingia kwenye mchuzi.